Rimoti ya Wii haikuoni: jinsi Wii Sports inavyokisia mkono wako

Tazama watu wanne sebuleni wakicheza tenisi ya Wii Sports, gemu la kwenye TV linalochezwa kwa kuzungusha rimoti mkononi. Anayerukaruka na kuzungusha mkono kuanzia begani mara nyingi anafungwa na mtoto aliyejikunja kwenye kochi, anayekunja kifundo cha mkono tu. Watu humwita mtoto huyo mjanja, au husema gemu lina upendeleo. Ukweli ni kwamba amegundua, bila kuambiwa, kitu ambacho rimoti inakisikia na kile isichokisikia.

Wii Sports ilitengenezwa na Nintendo ya Kyoto, Japani, na ilitoka Novemba 2006 pamoja na mashine ya Wii. Wanunuzi wa Marekani na Ulaya waliikuta ndani ya boksi la mashine, ndiyo maana nakala zilizotoka zinakaribia milioni 83. Ina michezo mitano: tenisi, besiboli, bolingi, gofu na ndondi. Mashine hizi bado zinapita mkono hadi mkono kama mitumba, na wengi wanaozipata hawapati kitabu cha maelezo. Wakikwama, hulaumu rimoti kwa kosa la TV, na TV kwa kosa la dirisha.

Shida ni kwamba rimoti ile si kifaa kimoja. Ni njia tatu tofauti ndani ya ganda moja: moja inahisi msukumo wa mkono, ya pili inatazama taa mbili, ya tatu inapeleka habari kwenye mashine kwa redio. Kila njia ina ugonjwa wake. Ukijua ni ipi inayoumwa, kazi imekwisha nusu.

Msukumo

Ndani ya rimoti ya kwanza mna chipu ya kampuni ya Analog Devices, ADXL330. Hii hupima mchapuko, yaani jinsi mwendo unavyobadilika, kwa pande tatu: kushoto na kulia, mbele na nyuma, juu na chini. Haipimi mkono uko wapi.

Fumba macho ndani ya daladala. Dereva akikanyaga breki utajua, akikata kona utajua. Lakini gari likishika mwendo ule ule kwenye barabara iliyonyooka, huwezi kusema kama mko Ubungo au mmeshafika Kimara. Hiyo ndiyo hali ya chipu. Inajua kwamba umesukumwa, upande gani na kwa nguvu kiasi gani, basi.

Kuna jambo moja inalipata bure, nalo ni mvutano wa dunia. Hata rimoti ikilala mezani, chipu inasoma 1 g, yaani mvutano wa dunia mara moja, na kwa kuwa mvutano huo daima uko wima, rimoti inajua imeinama vipi. Chukua chupa ya maji iliyojaa nusu uone. Ukiinamisha, maji yanahama na unaona mwinamo. Sasa ishike wima na ujizungushe polepole pale uliposimama: maji hayabadiliki hata kidogo. Rimoti ni hivyo hivyo. Kuinamisha inaona, kuisokota kushoto au kulia kama mtu anayefungua mfuniko wa chupa iliyolazwa inaona, lakini kuigeuza kutoka ukuta huu kuelekea ukuta ule, ikiwa imelala, haioni. Mipaka mingi ya michezo ile mitano inaanzia hapo.

Jambo lingine ni kikomo. Chipu ile inahakikishiwa kupima hadi 3 g kila upande. Mkono wa mtu mzima ukizungushwa kwa nguvu hupita hapo kirahisi, na ukishapita, namba inayoandikwa ni ile ile ya juu kabisa. Kwa hiyo pigo kali na pigo kali kupindukia, kwa gemu, ni pigo moja. Nguvu iliyozidi inaishia kwenye bega lako. Mwaka 2007 daktari mmoja wa Hispania aliandika katika New England Journal of Medicine kuhusu maumivu yake mwenyewe ya bega baada ya saa kadhaa za tenisi hii. Angemfuata mtoto wa kwenye kochi, asingeandika barua.

Jinsi kila mchezo unavyokisia

Tenisi ndiyo inayodanganya watu zaidi, kwa sababu inaonekana halisi kuliko zote. Wachezaji uwanjani hukimbia wenyewe. Mechi daima ni ya wawili kwa wawili; ukicheza peke yako, rimoti yako inaendesha wote wawili wa upande wako. Gemu linachokusubiri ufanye ni jambo moja: kupeleka mtikiso wa ghafla. Mtikiso ukifika, pigo linaanza, na ni wakati wa pigo unaoamua mpira uende wapi. Kwa anayetumia mkono wa kulia, akipiga mapema kwa pigo la upande wa kiganja mpira unavutwa kushoto. Akichelewa unakwenda kulia. Kupeleka mkono kutoka chini kwenda juu huunyanyua mpira. Katika kuanza, piga mpira ukiwa kileleni kabisa baada ya kurushwa juu, na utatoka kwa kasi ambayo wapinzani wengi hawaiwezi.

Kosa la kawaida liko kwenye kurudisha mkono nyuma. Mtu aliyezoea tenisi ya kweli huurudisha kwa haraka ili apate nafasi ya kupiga, na gemu, ambalo halitofautishi mbele na nyuma kwa uhakika, linachukua kule kurudisha kuwa ndilo pigo. Raketi inapita hewani, mpira bado uko mbali, naye analalamika kwamba rimoti imekufa. Dawa yake: rudisha mkono taratibu, kisha piga kifupi na kwa ghafla.

Bolingi inasamehe kuliko yote, na ndiyo ya kuanzia kwa bibi, babu na watoto wa chekechea. Wanne wanaweza kucheza kwa rimoti moja wakipokezana. Unashikilia kitufe B kilicho chini ya rimoti, unarudisha mkono nyuma, unauleta mbele, kisha unakiachia B mkono unapopita mbele ya mwili. Usipokiachia, tufe halitoki. Ukikiachia mkono ukiwa nyuma, tufe linarushwa kwa watazamaji nao wanaruka kwa hofu. Watoto wakigundua hilo, mchezo umeharibika kwa dakika kumi. Mpira unaopinda bila mpigaji kukusudia unatokana na kifundo cha mkono kusokotwa wakati wa kuachia. Uso wa rimoti wenye vitufe ukibaki unatazama juu mpaka mwisho, tufe litanyooka. Kabla ya kurusha, tumia kitufe chenye umbo la msalaba kusogea kushoto au kulia, na bonyeza A ili kitufe hicho hicho kigeuze uelekeo badala ya kusogeza miguu.

Gofu inakupa nafasi ya kujaribu. Bila kushikilia A, unazungusha upendavyo na kipimo cha nguvu kinaonyesha ungepiga kiasi gani; ukishikilia A, pigo ni la kweli. Ukizidisha nguvu hadi kipimo kijae na kupita, mpira unapinda, hivyo lenga chini kidogo ya ukomo. Mahali inaposhindwa ni kwenye kuusukuma mpira polepole shimoni. Mwendo wa taratibu unatoa mchapuko mdogo, na mchapuko mdogo unachanganyika na mwinamo wa rimoti yenyewe, kwa hiyo chipu haina uhakika kama umepiga au umeinamisha mkono tu. Matokeo ni kwamba husikilizwi mara mbili, mara ya tatu mpira unapita shimo kwa mita nane. Usisukume kama gofu ya kweli. Piga kifupi, chenye mwanzo mkali.

Ndondi inahitaji pia Nunchuk, kile kipande cha mkono wa pili kinachounganishwa kwa waya, ambacho kina chipu yake ya mchapuko. Wanacheza wawili tu. Ndiyo mchezo dhaifu kuliko yote mitano, kwa maoni yetu, maana ngumi ya mbele, ngumi ya pembeni na kuinua mikono kujikinga vyote vinafanana mno kwa chipu isiyojua mkono uko wapi. Anayetupa ngumi mfululizo anapata chache kuliko anayetupa moja, akarudisha mkono usoni, akatulia kidogo, ndipo akatupa nyingine. Besiboli nayo ni ya wawili: gongo linafuata mwinamo wa rimoti vizuri, na siri ni wakati, kama kwenye tenisi.

Kabla ya mechi gemu linauliza kama mchezaji anatumia mkono wa kulia au wa kushoto. Watoto hubonyeza tu kupita. Mtumia mkono wa kushoto akicheza amewekwa kulia, kila kitu kinakuwa kinyume na hakuna atakayejua kwa nini.

Upau usiohisi chochote

Ule upau mwembamba unaowekwa juu au chini ya TV unaitwa kwa Kiingereza Sensor Bar, kana kwamba ndio unaohisi. Hauhisi kitu. Ni taa za infraredi tu, fungu moja kila ncha, zikiwa zimeachana kama sentimita 20, na waya wake unachukua umeme kwenye mashine. Macho hayazioni. Kamera iko mbele ya rimoti, nyuma ya kile kioo cheusi, na inatafuta nukta mbili zinazong'aa. Katikati ya nukta hizo ndipo unapoelekezea. Nukta zikionekana karibu karibu, uko mbali. Zikionekana mbalimbali, uko karibu. Mstari kati yake ukilala mshazari, umesokota mkono.

Ndani ya mechi za Wii Sports njia hii haitumiki sana. Kazi yake kubwa ni kuchagua kwenye menyu kwa ule mkono mdogo unaoonekana kwenye skrini. Hii ni alama nzuri ya kupimia ugonjwa. Mkono ukirukaruka kwenye menyu lakini tenisi inacheza vizuri, usihangaike na rimoti wala betri. Tatizo ni mwanga.

Adui wa kwanza ni jua. Lina infraredi nyingi, na likiingia dirishani nyuma ya TV au likiakisiwa na kioo cha kabati, kamera inaona nukta ya tatu. Balbu za zamani zenye waya mwekundu ndani, jiko la mkaa linalowaka na mshumaa vyote vinafanya hivyo hivyo. Funga pazia, kisha jaribu tena. Pili ni umbali: kaa kati ya mita 1 na 3 hivi. Kwenye mipangilio ya mashine kuna sehemu ya kuongeza au kupunguza wepesi wa kamera, ngazi 1 hadi 5; chumba chenye mwanga mwingi kinataka ngazi ya chini, anayekaa mbali anataka ya juu.

Kujua kama upau unawaka, washa mashine, chukua simu na uutazame kupitia kamera ya mbele, ile ya kujipiga selfi. Kamera nyingi za nyuma zimewekewa kichujio, za mbele mara nyingi hazina. Utaona nukta zenye rangi ya zambarau au nyeupe. Zikiwaka upande mmoja tu, upau umeharibika. Zisipowaka kabisa, angalia kwanza plagi yake nyuma ya mashine, hiyo nyekundu, kama imeingia mpaka mwisho. Ukikosa upau, mishumaa miwili iliyowekwa sentimita 20 kutoka mmoja hadi mwingine inafanya kazi kweli, maana kamera haijali infraredi imetoka wapi. Ni jaribio zuri la dakika mbili. Si kifaa cha kuweka mbele ya watoto wanaorusha mikono.

Wakati kosa ni la TV

TV za chogo zilikuwa zinaonyesha picha papo hapo. TV bapa hupokea picha, huipanua, huisafisha, ndipo huionyesha, na Wii haitoi picha ya HD hata kidogo. Ukomo wake ni mistari 480 kamili kwa waya mzuri, na kwa waya wa kawaida wa vichwa vitatu, njano, nyeupe na nyekundu, picha inafika ikiwa nusunusu na TV inalazimika kuiunganisha. Kazi hiyo inachukua muda. Katika gemu linaloonyesha picha 60 kwa sekunde, kila picha ina takriban milisekunde 17. TV ikichelewa kwa sehemu ya kumi ya sekunde, unaona mpira mahali ulipokuwa picha sita zilizopita. Bolingi haitakuumiza. Tenisi na besiboli zitakuwa hazichezeki, na mipira yako yote itakwenda upande wa kuchelewa.

Hapo dawa ni hizi. Ingia kwenye mipangilio ya picha ya TV yako, tafuta hali ya gemu, iwashe. Kama haipo, zima kila kitu kinachojisifu kulainisha mwendo au kusafisha picha. Ukipata waya wa vichwa vitano, wenye kijani, bluu na nyekundu za picha, tumia huo na uweke mashine kwenye 480p. Vigeuzi vidogo vya HDMI vinavyochomekwa nyuma ya Wii vinasaidia pale TV isipokuwa na matundu ya zamani, ila havifuti uchelewaji wa TV yenyewe.

Redio na betri

Rimoti inawasiliana na mashine kwa Bluetooth, masafa ya 2.4 GHz, hadi mita 10 hivi pakiwa wazi. Mwili wa binadamu umejaa maji na maji yanameza masafa hayo, kwa hiyo watu watatu wakisimama kati yako na mashine, mapigo yanaweza kupotea. Oveni ya maikrowevu ikiwaka chumba cha pili inaweza kufanya hivyo hivyo.

Kuiunganisha rimoti mpya: fungua kifuniko cha betri, utaona kitufe chekundu cha SYNC. Fungua pia kifuniko kidogo mbele ya mashine, pale pa kadi ya SD, nacho kina kitufe chekundu. Bonyeza cha rimoti, kisha cha mashine. Taa nne za bluu zitapepesa, halafu moja itatulia kuonyesha wewe ni mchezaji wa ngapi.

Betri ni mbili za AA. Si zile nyembamba za AAA ambazo rimoti nyingi za TV hutumia. Betri za bei ya chini kabisa za dukani huzimika haraka. Za alkali au za kuchaji zinafaa zaidi. Za kuchaji zina volti 1.2 badala ya 1.5, hivyo mashine inaweza kuonyesha zimepungua hata zikiwa zimejaa, na hilo si la kutia wasiwasi. Mashine ikikaa miezi bila kuchezwa, zitoe. Zikivuja, zikaacha unga wa kijani au mweupe, safisha vile vyuma kwa pamba yenye siki kidogo, kausha vizuri, ndipo uweke mpya.

Kamba, na nafasi

Kamba ya kufunga mkononi si pambo. Desemba 2006, wiki chache tu baada ya mashine kutoka, Nintendo ilitangaza kubadilisha kamba milioni 3.2 baada ya rimoti kuchomoka mikononi na kugonga TV. Kamba mpya ikawa nene zaidi. Mwaka uliofuata likaongezwa koti la silikoni. Rimoti ya mtumba ikija na uzi mwembamba uliokwisha kulegea, nunua kamba nyingine. Mikono yenye jasho ndiyo inayovunja TV, kuliko hata nguvu. Kila mchezaji awe na nafasi ya kunyoosha mkono pande zote bila kumgusa jirani, na angalia feni ya dari ikiwa ipo chini.

Ya Marekani, ya Uingereza

Huu ndio mtego wa kuangalia kwa anayenunua mashine ya mtumba Afrika Mashariki. Adapta ya Wii ya Marekani imetengenezwa kwa volti 120. Umeme wa Tanzania ni 230 na wa Kenya 240. Kibadilishio cha umbo la plagi hakibadilishi volti. Ukiichomeka hivyo, adapta inaungua. Habari njema ni kwamba mashine yenyewe hutumia volti 12, ampea 3.7, kwa hiyo ukipata adapta ya Wii ya Ulaya au Uingereza yenye alama ya 220–240 V, mashine ya Marekani itakwenda bila shida. Diski ni jambo jingine: mashine ya Marekani haisomi diski za Ulaya, wala ya Ulaya haisomi za Marekani. Soma kibandiko cha chini ya mashine kabla ya kununua gemu.

Kilichorekebishwa baadaye

Juni 2009 Nintendo ilitoa MotionPlus, kijipande kinachochomekwa chini ya rimoti, na mwaka 2010 kikajengwa ndani ya rimoti yenyewe. Ndani yake mna jairoskopu, inayopima mzunguko moja kwa moja. Ule upofu wa chupa ya maji ukaondoka: sasa kugeuza rimoti ikiwa imelala kunaonekana, na ndiyo maana Wii Sports Resort, gemu lililofuata, ina mapigano ya panga ambayo gemu la kwanza lisingeweza.

Jairoskopu nayo ina lake. Inapima kasi ya mzunguko, kisha mashine inajumlisha kidogo kidogo ili ipate pembe, na kila kosa dogo nalo linajumlishwa. Baada ya dakika chache upanga unaelekea ukutani wakati mkono wako unaelekea TV. Ndiyo sababu Resort hukuambia uilaze rimoti kifudifudi mezani uiache itulie: inajifunza jinsi sifuri yake inavyosoma. Anayeishika mkononi wakati huo, au kuiweka kwenye mto wa kochi, anaifundisha sifuri ya uongo na ataitafuta mechi nzima. Rimoti za kuiga zinazouzwa kwa maandishi ya MotionPlus ndizo zinazopotea haraka zaidi. Kabla ya kulipa, ilaze dakika moja, kisha cheza upanga dakika tano.

Nintendo Switch Sports, gemu la aina hiyo kwa mashine ya Nintendo Switch, iliyotoka Aprili 2022, haina upau wa taa kabisa. Joy-Con, yaani rimoti ndogo za Switch, zinategemea jairoskopu na chipu ya mchapuko, na kielekezi kikipotea unakirudisha katikati kwa kitufe. Chaja ya Switch inakubali volti 100 hadi 240, na kaseti zake hazina mipaka ya nchi. Tenisi ya Switch Sports bado inasubiri mtikiso wa ghafla, na mtoto wa kwenye kochi bado anashinda.